Forodhani ya London



Nyumbani kwetu Mji wa Kale palikuwa na barua tatu zilizowekwa ndani ya kikasha cha mbao, chini ya kanga za marehemu bibi. Zimeandikwa Kiswahili kwa hati za Kiarabu, kama walivyokuwa wakiandikiana watu wa umri ule, na aliyeziandika ni mjomba wangu, kaka wa pekee wa mamangu. Alikuwa kuli katika magati ya Kilindini, kisha mwaka 1962 akapanda meli akiwa baharia wa chumba cha mitambo, akenda zake Ulaya. Barua ya mwisho ni ya mwaka 1967. Baada ya miaka minne, mimi nikiwa mtoto wa kubebwa, baharia mwenziwe alipita nyumbani kutoa habari ya msiba. Alisema amezikwa huko huko London. Wapi, hakujua. Akasaliwa sala ya ghaibu, na kikasha kikafungwa.

Katika barua zile mna mambo mawili yaliyowatatiza wazee. La kwanza, mjomba aliandika kwamba anakaa Forodhani. Babu akashikilia kwamba kijana amewadanganya: Forodhani iko Unguja, na huyu hakufika Ulaya hata siku moja. Ugomvi huo, naambiwa, ulidumu miezi. La pili, aliandika kwamba mto wa London ni mkubwa, una bamvua kama bahari, na maji yake yana rangi ya chai ya maziwa. Hilo hakuna aliyelijadili. Walicheka tu, kwani mjomba alijulikana kwa mzaha.

Mwaka jana, mwezi wa Oktoba, binti yangu aliyeolewa London alijifungua, nasi, mimi na mke wangu, tukaitwa kwenda kumwona mjukuu. Mamangu ana miaka themanini na ushei na macho yake yangali yakiona. Usiku wa kuaga alinishika mkono, akaniambia: “Mwanangu, nitazamie mahali alipokaa ndugu yangu. Si kaburi, kaburi najua hutaliona. Mahali.”

Nilidhani kazi hiyo ni nyepesi. Mtu huenda akauliza, akaonyeshwa, akapiga picha, akarudi. Lakini jiji lile lina namna yake ya kujionyesha. Siku tatu za mwanzo mkwe wangu, ambaye ni dereva wa basi na kijana mwenye adabu, alinitembeza penye kutembezwa wageni: kasri la mfalme, saa kubwa, daraja linalofunguka katikati. Nilivitazama vyote, na haviishi kutazamika. Nikamwuliza bandari iko wapi. Akatabasamu, akanijibu, “Baba, bandari imekwisha.”

Jioni ile alinijia na diski aliyoiazima maktaba. Alisema ni filamu ya mtu mmoja aliyeuteremka mto wakati bandari ilipokuwa imekwisha kufa na kabla haijajengwa upya. Mimi nimesomeshwa na walimu ambao hawakupenda hata picha za jamaa zitundikwe ukutani, na sinema kwangu si jambo la kukimbilia. Niliketi kwa ajili ya barua zile tatu.

Filamu yenyewe inaitwa Thames Film, ya mwaka 1986, nayo ina urefu wa saa moja na dakika chache. Aliyeitengeneza ni William Raban, Mwingereza aliyezaliwa mwaka 1948, aliyesomea uchoraji kabla ya kushika kamera. Raban alichukua mashua ndogo, akaiweka kamera chini karibu na uso wa maji, akafuata mto kutoka katikati ya jiji kuelekea baharini. Msimulizi ni John Hurt, mwenye sauti ya mtu aliyekesha. Maneno anayoyasoma baadhi yake ni ya msafiri wa zamani, Thomas Pennant, aliyeishika njia ile ile ya maji mwaka 1787. Mara husikika sauti ya mshairi T.S. Eliot akisoma mashairi yake mwenyewe, na mara huingizwa vipande vya filamu za zamani, bandari ikiwa na uhai wake.

Hakuna kisa. Hakuna mtu wa kumfuata. Ni kuta za magati zilizoota ukoka, maghala yasiyo na shehena, matishari yaliyofungwa, nguzo za mbao zilizoliwa na maji, na mawimbi yenyewe, karibu mno, hata mtazamaji hujihisi amekaa tezini. Baada ya robo saa mke wangu alikwenda kumpokea mtoto. Mimi sikuondoka. Nilikuwa nikiitazama London jinsi anavyoitazama mtu aliye kazini, kutoka chini kwenda juu. Baharia wa chumba cha mitambo hapandi sitahani kwa ajili ya mandhari. Hupanda kupumua, akaegemea ukingo, akaona hicho tu: ukuta, tope, kamba, maji.

Na maji yalikuwa rangi ya chai ya maziwa.

Katika filamu hiyo Raban ameingiza pia mchoro wa Bruegel, mchoraji wa karne ya 16, uitwao Ushindi wa Mauti, ambamo jeshi la mifupa linawavunia wanadamu wote, mfalme na mkulima, aliyekuwa akila na aliyekuwa akicheza. Kamera huupitia kipande kwa kipande kama inavyoyapitia magofu ya kando ya mto. Mkwe wangu alichelea kwamba utaniudhi. Nilimwambia kwamba katika madrasa niliyosomea tulifundishwa jambo hilo bila mchoro, na sikuona kwamba yule Mwingereza amekosea.

Kijana akaona nimevutwa, akanieleza zaidi habari za mtu huyu. Mwaka 1972, akishirikiana na mwenziwe Chris Welsby, aliweka kamera dirishani mwa kinu cha zamani juu ya mto Yar, katika kisiwa cha kusini mwa Uingereza, ikawa inachukua picha moja kila dakika, usiku na mchana, kwa majuma kadhaa. Ukiitazama filamu, maji hujaa na kupwa kama kifua cha mtu aliyelala. Miaka ishirini baadaye, mnara mkubwa wa Canary Wharf ulipokwisha kusimamishwa juu ya iliyokuwa bandari, alitengeneza filamu ya dakika moja tu, akaiita Sundial, yaani saa ya jua. Ndani yake mnara ule unaonekana kutoka pembe nyingi za mitaa ya mashariki, nyuma ya nyumba za watu, nyuma ya kuta na uwanda. Mnara umekuwa kijiti, na mitaa ya maskini ndiyo sahani ya saa. Nilicheka peke yangu. Sisi tuliojifunza kupima kivuli cha fimbo kwa ajili ya adhuhuri na alasiri tulimwelewa mtu huyo bila kufasiriwa.

Kesho yake nikashika njia kwa miguu, nikiwa na barua ya mwisho mfukoni, nakala yake, kwani ya asili mamangu hakukubali itoke.

Nilianzia St Katharine, bandari ndogo iliyo ubavuni mwa ngome ya zamani, iliyofunguliwa mwaka 1828. Ili ichimbwe, watu wapatao 11,000 walivunjiwa nyumba zao, na wengi wao, kwa kuwa walikuwa wapangaji, hawakupewa kitu. Ikafungwa mwaka 1968. Leo mna mashua za matajiri na mikahawa, na katikati yake limesimama jengo la matofali lenye mnara wa saa, liitwalo Ivory House. Ni ghala la pembe za ndovu. Lilijengwa katikati ya karne ya 19, na baadhi ya pembe zilizohifadhiwa humo zilisafirishwa kutoka Unguja na pwani yetu hii.

Hapo nilisimama muda mrefu kuliko nilivyokusudia. Watu walikuwa wakinywa kahawa chini ya matao yake. Nikaifikiria safari ya pembe moja: ilivyotoka bara juu ya bega la mpagazi, miezi mingi ya njia, na wangapi kati ya wabebaji walikuwa watu huru na wangapi walikuwa watumwa watakaouzwa pamoja na mzigo walioubeba. Na waliowanunua, waliowauza, waliowakopesha wenye misafara, baadhi yao walikaa katika nyumba zenye milango ya nakshi ambayo tunawaonyesha watalii kwa fahari. Mtu huona wepesi kuwakasirikia Waingereza mbele ya ghala lile, na hasira hiyo ina haki yake. Lakini mimi ni mtu wa Mji wa Kale, na njia ya pembe ilipita mlangoni kwetu kabla ya kufika pale. Katika utoto wangu tulitajiwa majina ya wenye majahazi. Jina la mpagazi hata mmoja sikutajiwa.

Kutoka hapo nikafuata ukingo hadi Wapping. Njia ni nyembamba na maghala yamegeuzwa makazi ya bei ambayo sikuthubutu kuiuliza. Lakini baina ya jengo na jengo bado mna vichochoro vinavyoteremka kwenye ngazi za mawe hadi majini, ngazi zile zile walizokuwa wakizitumia wenye mashua. Maji yalikuwa yamekupwa. Pale karibu na daraja la London tofauti ya kujaa na kupwa hufika mita 7 hivi, na kwetu Mombasa bamvua kubwa haizidi sana mita 4. Hivyo mto unapojivuta huacha wazi uwanda wa tope, changarawe, misumari na viko vya udongo vilivyovunjika. Nilimwona mwanamke mmoja ameinama, akiokota na kurudisha. Nilidhani ametupwa na dunia, kumbe ni mtafutaji mwenye leseni ya mamlaka ya bandari, anayetafuta vitu vya kale. Sehemu hizo hizo ndipo walipokuwa wakinyongwa maharamia wa baharini, kisha maiti zao zikaachwa hapo hadi maji yajae juu yao mara tatu. Nikapanda ngazi.

Canary Wharf nilipita kwa treni bila kuteremka. Hapo palikuwa bandari ya West India, iliyofunguliwa mwaka 1802 kwa sukari iliyolimwa na watumwa, ikafungwa mwaka 1980. Sasa ni benki. Vioo vimeinuka pande zote, na treni hupita katikati ya ghorofa zake kama uzi katika tundu la sindano.

Nilikuwa na haraka ya mbele. Ramani ya treni ilikuwa mbele yangu ukutani, nami nikawa nasoma majina ya vituo ili kumpitishia muda mjukuu wa mtu aliyekuwa akilia kiti cha pili. Ndipo nikaliona jina: Custom House.

Wasomaji, nililisoma mara mbili. Kiingereza changu si kikubwa, lakini neno hilo kila mtu wa Mombasa analijua. Ni nyumba ya ushuru, ni forodha. Mtaa mzima umepewa jina la forodha iliyokuwa kando ya magati. Mjomba hakudanganya mtu. Alikuwa akikaa Custom House, na alipoketi kuwaandikia wazazi wake wasiojua Kiingereza, akawatafsiria. Babu alikufa akiamini kwamba mwanawe alikuwa Unguja akiona haya kurudi.

Niliteremka. Kuna stesheni mpya ya kupendeza, na mbele yake jumba refu la maonyesho lililojengwa pale pale penye magati. Nyuma yake ni maji ya Royal Victoria, ya kwanza kati ya bandari tatu kubwa zilizoshikana: hiyo ya mwaka 1855, ya pili Royal Albert ya mwaka 1880, na ya tatu King George V ya mwaka 1921. Zote tatu zilifungiwa meli za biashara mwaka 1981. Winchi chache zimeachwa zimesimama ukingoni, zimepakwa rangi, hazinyanyui kitu. Ng'ambo ya maji lipo jengo kubwa la kinu cha unga lenye madirisha matupu, limekaa kama mzee aliyesahauliwa harusini. Baina ya bandari ya pili na ya tatu, mahali palipopakuliwa shehena, sasa hushuka ndege. Kiwanja kilifunguliwa mwaka 1987, mwaka mmoja tu baada ya filamu ya Raban.

Niliingia mitaani. Mjomba hakuandika nambari ya nyumba. Niliuliza msikitini, nikapokewa vizuri, na mzee mmoja wa Kibengali aliyekuwa baharia aliniambia kwamba wengi wa mabaharia wa zama zile walilala wanne wanne katika vyumba vya kupanga, na vyumba hivyo vimevunjwa zamani. Daftari la maziko ya miaka ile hapakuwa nalo. Alinishika bega. Tukasali laasiri pamoja.

Basi nikatoka pale na jina la mtaa peke yake. Nilichukizwa kwa muda, nakiri, na mji huo ambao umeifuta kazi ya watu wengi hivyo na kuacha winchi chache za mapambo. Halafu nikaikumbuka ile mashua ndogo. Raban hakumjua mjomba wangu. Alipokuwa akipita na kamera yake mbele ya magati matupu, wenye kuona mbali walikuwa wakichora minara, na wenye kuona karibu walikuwa wamegeuza uso. Yeye akaweka lenzi mahali ambapo macho ya kuli na baharia yalikuwa. Kama si yeye, nisingalikuwa na cha kumwambia mamangu isipokuwa kwamba pana stesheni.

Siku mbili kabla ya kurudi, nikamchukua mke wangu hadi Woolwich, palipo feri. Ni feri kama ya Likoni, na upana wa maji haupitani sana, ila pale hata magari hayalipi, na imekuwa bure tangu mwaka 1889. Sisi kwetu ni mwenye miguu tu aliyesamehewa. Watu walipanda kimya, bila kusukumana, jambo lililomshangaza mke wangu kuliko kasri la mfalme. Chini kidogo ya hapo, upande wa kaskazini, ndipo ulipo mlango wa maji wa bandari ya King George V. Meli kubwa zilizokwenda katika bandari zile zilipitia hapo. Ikiwa mjomba aliingia Forodhani yake kwa meli kubwa, aliona ukingo huo.

Nikatoa simu. Nikainama, nikaupitisha mkono kwenye upenyo wa vyuma vya ukingo, chini kadiri ulivyofika, mke wangu akinishika koti kwa nyuma na kunikumbusha umri wangu. Nikapiga picha za maji, mfululizo, tangu feri ilipong'oa hadi ilipogusa gati la pili. Sikuinua simu kuonyesha minara. Mkono ulitetemeka na sauti ya injini imefunika kila kitu. Nikakumbuka pia kwamba mjomba alikuwa mtu wa injini.

Tulirejea Mombasa siku ya Jumanne. Zawadi zilipokwisha kugawanywa na habari za mtoto kusimuliwa mara tatu, nikaketi kitandani kwa mamangu, nikamweleza habari ya Custom House. Alinyamaza kitambo. Kisha akasema, “Babako mkubwa alimwapiza.” Sikujua hilo. Alikuwa akisema habari ya babu. Akaniomba nimletee kikasha, akaipata barua, akaliwekea kidole neno lile, akalisoma kwa sauti kama analisoma kwa mara ya kwanza.

Nikamwekea simu mbele ya macho. Aliisogeza, akaisogeza tena, mpaka ikakaa mahali anapoona. Dakika zote hakusema neno. Feri ilipogonga gati, picha ikakatika.

“Maji haya hupwa?” akauliza.

“Hupwa na kujaa, mama. Mara mbili kwa siku.”

“Na hii rangi ndiyo rangi yake, si simu yako?”

“Ndiyo rangi yake.”

Akajifuta uso kwa upindo wa kanga, akanirudishia simu, akaniambia niianze tena tokea mwanzo.